Katazo la Kompyuta la Mwaka 1974 na Kazi ya Mwandishi wa Michezo ya Kompyuta za Nyumbani: Ulinganisho wa Liverpool na Kilosa na Mikumi

1.0 Utangulizi

Historia ya kompyuta aghalabu huandikwa kama historia ya watu wenye vipaji vya pekee. Husimuliwa kwamba kijana fulani, akiwa peke yake chumbani kwao, aliandika mchezo uliouzwa kwa maelfu ya nakala, akapata fedha na jina kabla ya kufikisha umri wa miaka ishirini. Masimulizi ya namna hii yana ukweli ndani yake, lakini yanaficha swali ambalo kwa mwanahistoria wa Tanzania ni la msingi zaidi: chumba hicho kilikuwa na nini? Kipaji hakina makao maalumu. Kinaweza kuzaliwa Kilosa kama kinavyoweza kuzaliwa Liverpool. Kinachotofautiana ni vitu ambavyo kipaji hicho hukutana navyo kinapoanza kutafuta kazi ya kufanya.

Makala hii inachunguza kazi ya mwandishi wa michezo ya kompyuta za nyumbani katika miaka ya mwanzo ya 1980, kisha inaitazama kazi hiyo kutokea Kilosa na Mikumi, mkoani Morogoro. Hoja kuu ni kwamba katazo la kuingiza kompyuta nchini, lililotolewa na Serikali ya Tanzania mwaka 1974, lilikuwa na sababu za msingi kwa mashine iliyolengwa. Hata hivyo, katazo hilo lilidumu hadi likaikuta mashine nyingine kabisa, ambayo haikuwapo lilipotolewa. Amri ililenga kompyuta kubwa ya ofisi ya serikali. Iliyopatwa ni kompyuta ndogo ya nyumbani.

Eneo la Kilosa na Mikumi limeteuliwa kwa sababu maalumu. Haliwezi kuitwa eneo lililo kando ya njia. Kilosa ni mji wa Reli ya Kati, uliozungukwa na mashamba ya mkonge ya tangu enzi za ukoloni. Mikumi, iliyomo katika wilaya hiyohiyo, iko kwenye barabara kuu itokayo Dar es Salaam kwenda Zambia, jirani na Hifadhi ya Taifa iliyoanzishwa mwaka 1964. Tawi la reli liliiunganisha Kilosa na Mikumi na kufika Kidatu. Kwa hiyo, eneo hili linatuwezesha kuuliza ni nini hupita mahali na ni nini hubaki.

2.0 Kazi ya Matthew Smith na masharti yake

Mfano unaofaa kuanzia ni wa Mwingereza Matthew Smith, aliyezaliwa mwaka 1966 na kukulia Wallasey, ng'ambo ya mto kutoka Liverpool. Akiwa mvulana alipata kompyuta aina ya TRS-80 na kujifunza mwenyewe kuiandikia programu. Mwaka 1983, akiwa na umri wa takribani miaka 17, aliandika Manic Miner, mchezo wa mchimba madini aitwaye Willy anayepita katika mapango 20, akiruka hatari na kukusanya vitu kabla hewa haijamwishia. Inaelezwa kwamba kazi hiyo ilimchukua takribani wiki nane. Mchezo ulitolewa na kampuni ya Bug-Byte ya Liverpool. Baadaye Smith alishiriki kuunda kampuni ya Software Projects, na mwaka 1984 akatoa Jet Set Willy, ambamo mchimba madini yuleyule, sasa tajiri, anazunguka katika jumba lake kubwa.

Tukiichambua kazi hii tunaona masharti manne yaliyoiwezesha. Sharti la kwanza ni zana. Kompyuta ya ZX81 ilipotolewa mwaka 1981 iliuzwa Uingereza kwa pauni 69.95 ikiwa imeshaunganishwa. ZX Spectrum, ambayo ndiyo iliyobeba michezo ya Smith, ilitoka mwaka 1982 kwa pauni 125 yenye kumbukumbu ya kilobaiti 16, na pauni 175 yenye kilobaiti 48. Bei hizi ziliwezekana kwa sababu mashine iliuzwa bila skrini na bila chombo cha kuhifadhia programu. Mnunuzi aliiunganisha na runinga iliyokuwapo sebuleni, na akahifadhi programu zake katika kaseti za kawaida kwa kutumia redio kaseti.

Sharti la pili ni maarifa yanayosomeka. Magazeti ya kompyuta yalichapisha programu nzima, mstari kwa mstari, ili msomaji aziandike upya kwa mkono wake. Mashine yenyewe ilipowashwa ilimfungulia mtumiaji lugha ya BASIC. Hakuwa na haja ya kutafuta pa kuanzia. Shirika la utangazaji la BBC nalo lilianzisha mradi wa elimu ya kompyuta kwa umma, uliokwenda sambamba na kompyuta yake, BBC Micro.

Sharti la tatu ni soko. Kaseti ilikuwa rahisi kunakilishwa, kufungwa katika kijiboksi na kutumwa kwa posta au kupelekwa dukani. Kampuni ndogo iliweza kumpa kijana mkataba bila kumdai shahada. Smith mwenyewe aliazimwa Spectrum na Bug-Byte kwa makubaliano ya kuwaandikia michezo mitatu.

Sharti la nne, ambalo husahauliwa, ni uhuru wa kukosea na kurekebisha. Jet Set Willy ilitolewa ikiwa na dosari: mchezaji akiingia katika chumba cha dari, baadhi ya vyumba vingine vinaharibika, na mchezo hauwezi kumalizika. Kampuni kwanza ilidai kwamba hilo lilikusudiwa. Wachezaji wenyewe walifungua programu, wakaona mahali penye kosa, wakatafuta tarakimu za kubadilisha katika kumbukumbu ya mashine, na marekebisho yao yakasambaa. Tukio hili linaonyesha kwamba mchezaji na mwandishi wa programu hawakutenganishwa na ukuta. Aliyecheza leo aliweza kurekebisha kesho na kuandika wa kwake keshokutwa.

Masharti hayo yalipobadilika, kazi nayo ilibadilika. Software Projects ilifungwa mwaka 1988. Mashine mpya zilihitaji timu za wachoraji, wanamuziki na waandishi wengi wa programu, na kijana wa chumbani hakuwa tena mhimili wa biashara. Smith hakutoa mchezo mwingine uliofikia kimo cha ile miwili. Kipaji hakikuwa kimemtoka. Mazingira yaliyokibeba ndiyo yaliyopita. Hivyo basi, hata huko ilikostawi, kazi hii ilikuwa zao la kipindi kifupi chenye masharti yake.

3.0 Katazo la mwaka 1974 na shabaha yake

Kompyuta ya kwanza nchini Tanzania, ICT 1500, ilifungwa Wizara ya Fedha mwaka 1965. Ilikuwa mashine kubwa ya kushughulikia hesabu za serikali, iliyohitaji chumba maalumu, wataalamu wa kigeni na vipuri vilivyonunuliwa kwa fedha za kigeni. Katika miaka iliyofuata, jitihada za kuhamishia hesabu za serikali katika kompyuta zilileta mvurugiko na hasara. Mwaka 1974 Serikali ilipiga marufuku uingizaji wa vifaa vya kielektroniki, zikiwamo kompyuta na runinga. Taasisi iliyohitaji kompyuta ililazimika kuomba kibali maalumu.

Haitakuwa haki kulihukumu katazo hilo kwa macho ya leo. Taifa lililokuwa limetangaza kujitegemea liliona mashine ghali, isiyoeleweka na watumishi wake wengi, ikimeza fedha za kigeni na kuvuruga vitabu vya hesabu. Ilikuwa pia kipindi cha kupanda kwa bei ya mafuta na uhaba wa chakula. Kuzuia matumizi ya namna hiyo lilikuwa jambo lenye mantiki.

Lakini tarehe zina uzito wake. Mwaka 1974 kompyuta ya nyumbani haikuwapo sokoni mahali popote. TRS-80, Apple II na Commodore PET zilitoka mwaka 1977. ZX81 ilitoka miaka saba baada ya katazo. Waliotunga amri hiyo walijua kompyuta ya aina moja tu, nayo ni ile ya wizara. Haikuwezekana watabiri kwamba neno hilohilo, "kompyuta", lingekuja kutaja kisanduku kinachobebwa kwa mkono mmoja na kununuliwa na mzazi kwa ajili ya mwanawe. Kosa la kisera, kama lipo, halikuwa la 1974. Lilikuwa la miaka iliyofuata, pale maana ya neno ilipobadilika na amri ikaachwa isome vilevile.

Mwaka huohuo wa 1974, Azimio la Musoma liliweka lengo la elimu ya msingi kwa wote ifikapo mwaka 1977. Sadfa hii inastahili kuzingatiwa. Dola iliyomfungulia mtoto wa mkulima wa Kilosa mlango wa kusoma na kuandika ndiyo iliyofunga, bila kukusudia, mlango wa aina mpya ya maandishi, yaani maandishi ambayo mashine huyasoma na kuyatekeleza.

4.0 Kilosa na Mikumi katika muongo wa 1980

Tuyapeleke sasa masharti manne Kilosa na Mikumi. Kuhusu zana, kompyuta ya nyumbani ilikuwa kifurushi cha vitu vitatu: kisanduku chenye kibodi, runinga na redio kaseti. Kisanduku kilizuiwa na katazo. Runinga nayo ilizuiwa, na isitoshe Tanzania Bara haikuwa na kituo cha kurusha matangazo hadi mwaka 1994, ITV ilipoanza. Zanzibar ilikuwa na televisheni yake tangu miaka ya mwanzo ya 1970, lakini skrini bila kisanduku si kompyuta. Katika vitu vitatu, ni kaseti pekee iliyokuwa chombo cha kawaida katika maisha ya Mtanzania wa Bara, ikitumika kwa nyimbo, mawaidha na salamu za ndugu walio mbali.

Kuhusu umeme, jiografia ya eneo hili ina funzo lake. Kusini mwa Mikumi, katika Mto Ruaha Mkuu, kituo cha kufua umeme cha Kidatu kilianza uzalishaji mwaka 1975. Umeme wake ulielekezwa Morogoro na Dar es Salaam, kwenye viwanda na miji. Kijiji kilichokuwa jirani na chanzo hakikuwa kwa sababu hiyo jirani na umeme. Usambazaji wa nishati vijijini ulikuja kupewa chombo chake mahususi muda mrefu baadaye, Wakala wa Nishati Vijijini ulipoanza kazi mwaka 2007.

Kuhusu fedha, Vita vya Kagera vya 1978–79 viliiacha nchi bila akiba ya fedha za kigeni. Mwaka 1983, mwaka wa Manic Miner, Tanzania ilikuwa katika vita dhidi ya wahujumu uchumi, na sabuni, sukari na nguo vilikuwa bidhaa za kupanga foleni. Mwaka 1984 Serikali iliruhusu watu wenye fedha zao za kigeni kuingiza bidhaa, na maduka yakaanza kujaa tena. Hata hivyo, kompyuta ilibaki chini ya utaratibu wa vibali hadi masharti yalipolegezwa hatua kwa hatua.

Hapa ni lazima kukabiliana na pingamizi la haki. Je, katazo lilikuwa na uzito gani, ikiwa mkulima wa Kilosa asingeweza kununua ZX81 hata kama ingeruhusiwa? Jibu ni kwamba kompyuta ya nyumbani haikuhitaji kuingia kila nyumba ili ilete matokeo. Ilitosha moja ifike katika shule ya sekondari, nyingine katika karakana ya reli, nyingine katika kituo cha utafiti wa kilimo cha Ilonga, na vijana wachache waruhusiwe kuigusa jioni. Ufundi mwingi nchini umeenea kwa njia hiyo: gari moja bovu gereji hufundisha mafundi kumi. Umaskini ulifanya mashine ziwe chache. Katazo lilifanya hata hizo chache zihitaji kibali, na kibali huombwa na ofisi, hakiombwi na udadisi wa kijana.

5.0 Kipimo cha muziki wa Morogoro

Ili kuthibitisha kwamba kilichokosekana hakikuwa kipaji, inafaa kutazama fani nyingine ambayo mkoa huuhuu uliipa taifa. Mji wa Morogoro ulikuwa makao ya Cuban Marimba ya Salum Abdallah na Morogoro Jazz, bendi iliyomkuza Mbaraka Mwinshehe. Mbaraka alipiga gitaa la umeme, chombo cha kigeni na cha kielektroniki kwa kiasi chake, kwa ustadi uliomfikisha Osaka, Japani, katika maonesho ya dunia ya mwaka 1970. Alipofariki kwa ajali mwaka 1979 alikuwa miongoni mwa wanamuziki mashuhuri zaidi wa Afrika Mashariki.

Masharti manne yaleyale yanaonekana hapa. Zana zilikuwapo, kwa kuwa bendi ilimiliki vyombo na mwanamuziki mchanga alivitumia hata kama hakuwa na uwezo wa kununua gitaa lake. Maarifa yalipatikana kwa kukaa kando ya mpigaji mkubwa, na kwa kusikiliza sahani za santuri za Kuba na Kongo na kuziiga noti kwa noti, kama vile kijana wa Wallasey alivyonakili programu gazetini. Soko lilikuwapo katika kumbi za dansi, Radio Tanzania Dar es Salaam na kampuni za santuri za Nairobi. Uhuru wa kukosea ulikuwapo pia, kwani kila mazoezi yalikuwa mahali pa kujaribu.

Ulinganisho huu unatupa hitimisho la kati: mkoa uliopata gitaa ulitoa magwiji wa gitaa. Hakuna sababu ya kudhani kwamba mkoa huohuo, ukipata mashine ya kuandikia programu katika mazingira yanayofanana, ungekaa kimya.

6.0 Baada ya katazo: mashine iliyo wazi na mashine iliyofungwa

Kuondoka kwa katazo hakukuleta mara moja kazi ya mwandishi wa michezo. Kenya, ambayo njia yake ya uchumi ilikuwa tofauti, ilisubiri pia. Wesley Kirinya alitoa The Adventures of Nyangi mwaka 2007, miaka 24 baada ya Manic Miner, kisha akashirikiana na Eyram Tawia wa Ghana katika kampuni ya Leti Arts, inayotumia mashujaa wa Kiafrika katika michezo na katuni. Mfano huu unathibitisha kwamba katazo la Tanzania halikuwa sababu pekee. Lugha, soko na mafunzo vilikuwa vizuizi vya kanda nzima.

Kuhusu lugha, hatua muhimu ilifanyika Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, ambako mradi wa Kilinux ulitoa Jambo OpenOffice mwaka 2004, programu ya ofisi inayomsemesha mtumiaji kwa Kiswahili. Ilikuwa miaka 30 kamili tangu katazo. Watoto wa Azimio la Musoma, waliofundishwa kusoma kwa Kiswahili, walikuwa sasa watu wazima.

Leo hali ya Kilosa na Mikumi imebadilika kwa kiasi kikubwa. Treni ya umeme inapita Kilosa ikielekea Dodoma. Simujanja iliyo mfukoni mwa dereva wa bodaboda pale Mikumi ina kumbukumbu kubwa kupita kiasi ikilinganishwa na kilobaiti 48 za Spectrum. Kwa kipimo cha zana, sharti la kwanza linaelekea kutimia. Lakini kuna tofauti ambayo haionekani kwa kuhesabu vifaa. ZX81 ilipowashwa ilimwuliza mtumiaji, kwa namna yake, "Niandikie nini?" Simu inapowashwa humwuliza, "Unataka kutazama nini?" Mashine ya kwanza ilikuwa dhaifu na iliyo wazi; ya pili ina nguvu na imefungwa. Mchezaji wa Jet Set Willy aliurekebisha mchezo mbovu kwa vidole vyake. Mchezaji wa leo husubiri kampuni ya mbali itume toleo jipya, na wakati mwingine hulipia kifurushi cha intaneti ili alipokee.

Kwa sababu hiyo, kufundisha matumizi ya kompyuta peke yake hakutoshi. Mwanafunzi anayefundishwa kuandika barua na kujaza jedwali anaandaliwa kuwa mtumishi wa ofisi ileile ya mwaka 1965. Wilaya ina mahali pa kuanzia: Chuo cha Ualimu Ilonga, chuo cha ufundi stadi cha VETA Mikumi na shule za sekondari. Fundi mwanafunzi hukabidhiwa injini aifungue. Mwanafunzi wa kompyuta naye anastahili kukabidhiwa programu aifungue, aiharibu na kuirekebisha, kwa maelezo ya Kiswahili anayoyaelewa. Mchezo mdogo, wenye pango moja na mchimba madini mmoja, unatosha kwa somo la kwanza.

7.0 Hitimisho

Makala imeonyesha kwamba kazi ya mwandishi wa michezo ya kompyuta za nyumbani ilisimama juu ya zana, maarifa yanayosomeka, soko na uhuru wa kukosea, na kwamba ilidumu kwa muda mfupi hata Uingereza. Imeonyesha vilevile kwamba katazo la 1974 lilitungwa kwa busara ya wakati wake dhidi ya mashine kubwa ya serikali, lakini likaendelea kutumika dhidi ya mashine ndogo ambayo watunzi wake hawakuijua.

Funzo kwa watunga sera ni kwamba amri inayohusu teknolojia inapaswa kuwekewa tarehe ya kupitiwa upya, kwa kuwa teknolojia hubadilika ilhali jina lake hubaki lilelile. Leo mijadala kuhusu simu shuleni, michezo ya mtandaoni na akili unde inaendeshwa kwa hofu zinazofanana na zile za 1974, na baadhi ya hofu hizo ni za haki. Swali la kuuliza kabla ya kuzuia au kuruhusu si kama kifaa ni ghali au kina madhara tu. Ni kama kijana wa Kilosa au Mikumi, akikipata, ataweza kukifungua.